Neno "bwete" maabarani: je, gesi bwete ni gesi isiyo na kazi?

Daftari:

Wakuu, habari za muda huu. Ninafasiri mwongozo wa kazi za maabara ya kemia kwa ajili ya mafundi wapya, na kuna neno moja limenisimamisha, leo siku ya tatu. Rasimu niliyorithi kwa mfasiri aliyenitangulia imejaa neno bwete. Kuna gesi bwete, elektrodi bwete, kiyeyushi bwete, na mahali pamoja imeandikwa "pasha moto ndani ya hewa bwete".

Bwete ninayoijua mimi ni ya mtu kukaa bwete: amejikalia, mikono mapajani, kazi zinamngoja. Kubweteka nako tunakusikia kila mtangazaji wa mpira anaposema timu imebweteka baada ya kupata bao la kuongoza. Kote huko ni lawama. Nikisoma "gesi bwete" napata picha ya gesi isiyo na faida, wakati mwongozo wenyewe unasisitiza kwamba bila gesi hiyo jaribio linaharibika.

Naomba kujuzwa na wanaoshika vyombo vya maabara. Neno hili mnalitumia kweli, au nilifute niweke "ajizi" au "adimu"? Na kisarufi linakaaje, ni "vitu bwete" au "vitu vibwete"? Natanguliza shukrani.

Neno Kwa Neno:

Mkuu, nianze na la sarufi maana ni fupi. Bwete halipokei kiambishi cha ngeli. Liko kundi moja na bora, imara, safi na adimu: gesi bwete, chombo bwete, vyombo bwete, mazingira bwete. "Vibwete" usiandike. Ukitaka nomino, ni ubwete. Katika "kukaa bwete" linafanya kazi ya kielezi, linaeleza namna ya kukaa, na huko ndiko wengi wetu tulikolikuta kwanza.

Kuhusu ajizi, mimi ningeliepuka. Kuna methali isemayo ajizi ni nyumba ya njaa. Ajizi ni mtu aliyekuwa na wajibu akauacha, na lawama hiyo imeshaganda ndani ya neno, huwezi kuikwangua. Bwete linaeleza hali. Ni kweli kwa mtu hali hiyo tunailaumu, lakini lawama inatoka kwetu tunaomtazama, maana tunajua alipaswa kuinuka. Gesi haikupaswa kuinuka kwenda popote.

Kemia yenyewe nawaachia wenyewe.

Bureti:

Mkuu Daftari, aliyekutangulia alijua alichokuwa akifanya. Nitarefusha kidogo kwa sababu neno hili nalipenda na naona linaonewa.

Anza na argoni. Mwaka 1785 Henry Cavendish alipitisha cheche za umeme katika hewa aliyoiongezea oksijeni, akawa anaiondoa nitrojeni kidogo kidogo mpaka kikabaki kiputo kimoja kisichokubali kuungana na chochote. Alikadiria hakizidi sehemu 1 ya 120 ya nitrojeni aliyoanza nayo. Aliandika hivyo, na kiputo chake kikakaa kwenye maandishi zaidi ya miaka 100. Baadaye Lord Rayleigh, katika kupima uzito wa gesi, akakuta nitrojeni iliyotokana na hewa inajaza chupa yake kwa takriban gramu 2.31, na nitrojeni iliyotengenezwa kwa amonia inajaza chupa ileile kwa takriban gramu 2.30. Tofauti ni nusu asilimia. Ni rahisi sana kuisingizia mizani. Yeye hakuisingizia. Akashirikiana na William Ramsay, na mwaka 1894 wakatangaza kwamba hewani mna elementi ambayo hakuna aliyekuwa akiijua, ingawa kila mtu alikuwa akiivuta.

Wakaijaribu kwa vitu vikali, haikushika. Henri Moissan, yule aliyeitenga florini mwaka 1886, akaikutanisha na florini, kitu chenye pupa kuliko vyote mezani. Haikushika. Ndipo ikabaki na jina lake la Kigiriki, kutoka argos, yaani asiyefanya kazi, aliyejikalia. Sasa rudi kwenye swali lako, mkuu. Argos ni nini kwa Kiswahili? Ni bwete. Walioipa argoni jina walitafuta neno lilelile ambalo mfasiri wako alilikuta nyumbani.

Kwa nini iko hivyo? Tabaka la nje la elektroni zake limejaa. Haina nafasi ya kupokea, na kutoa kunaigharimu mno. Kwa hiyo ikikutana na atomu nyingine hakuna biashara ya kufanya.

Lakini maabarani neno limetoka kwenye argoni likaenda mbali. Nitrojeni tunaiita gesi bwete kila siku na haimo kabisa katika safu ya argoni kwenye jedwali la elementi. Ubwete wake una sababu nyingine: atomu zake mbili zimeshikana kwa vifungo vitatu, na kuzitenganisha kunataka kilojuli 945 kwa kila moli. Kiyeyushi bwete ni kile kinachobeba vitendanishi bila kuingia kwenye mmenyuko wao. Elektrodi bwete, kwa mfano waya wa platini uliochovywa kwenye mmumunyo wenye ayoni za chuma za aina mbili, kazi inaifanya, tena usiku na mchana: inapitisha elektroni. Ila yenyewe haili wala hailiwi. Nadhani hapo ndipo maana ya maabara ilipo. Bwete ni kisichoingia kwenye mmenyuko unaouendesha. Faida yake ni suala jingine.

Daftari:

Asante sana Bureti, hilo la argos limenifungua macho. Na "adimu" je? Naliona sehemu nyingi, gesi adimu, na linasikika vizuri zaidi masikioni kuliko bwete.

Bureti:

Linasikika vizuri, lakini linadanganya. Argoni ni asilimia 0.93 ya hewa. Kaboni dioksidi ni asilimia 0.04 na kidogo juu yake. Hivyo argoni ni zaidi ya mara 20 ya kaboni dioksidi, na hakuna anayeiita kaboni dioksidi gesi adimu. Zenoni ni adimu kweli, kriptoni pia. Kama jina la safu nzima limeshazoeleka na sitalipiga vita. Lakini mwongozo wako unapomwambia fundi "tumia gesi adimu" humwambii kwa nini anaitumia, na mbaya zaidi unaitoa nje nitrojeni, ambayo ni asilimia 78 ya hewa na ndiyo tunayoitumia mara nyingi.

Zamu ya Usiku:

Naomba niseme kitu kutoka upande wa anayefungua na kufunga mitungi, kwa sababu hofu ya Daftari naijua na ilishanipata.

Kuna fundi mpya aliwekwa zamu na mimi. Tulikuwa na kitendanishi cha Grignard, kampaundi yenye kaboni na magnesiamu, kwenye chupa ya duara, juu yake argoni inapita polepole. Wenye kazi hiyo mnajua, kitu kile hakitaki maji, hakitaki oksijeni, hata kaboni dioksidi ya hewani kinaikamata. Nikatoka kwenda chumba cha pili. Niliporudi, vali imefungwa na kizibo kimelegezwa. Nikamuuliza. Akanijibu kwa utaratibu kabisa kwamba karatasi ya ukutani imeandika gesi ni bwete, na yeye hakuona sababu ya kuendelea kumaliza mtungi kwa gesi isiyofanya kitu.

Sikuweza kumgombeza. Alisoma Kiswahili chake sawasawa. Karatasi ndiyo iliyokuwa na upungufu, na ilikuwa mwandiko wangu. Kazi ya siku mbili ikaenda na maji, lakini kilichoniuma ni kwamba nilikuwa nimemwachia kijana neno tupu, bila kumwonyesha linakaa wapi.

Kwa hiyo mkuu, mimi sisemi ulifute. Nasema usiliache peke yake. Mara ya kwanza linapotokea, andika ni bwete kwa nini: "argoni ni bwete kwa kitendanishi hiki, kwa hiyo inaweza kukaa juu yake na kuizuia hewa". Ukishaandika hivyo, mtu anaona kwamba ule ubwete ndio kazi yenyewe.

Pupa ya Florini:

Samahani wakuu, napinga kidogo. Hili neno kwa gesi za safu ya argoni lilikufa mwaka 1962, na Kiswahili kisirithi kosa lililokwisha kusahihishwa. Neil Bartlett, akiwa Vancouver, alikuwa ametengeneza heksafloridi ya platini, mvuke mwekundu wenye nguvu ya kunyang'anya elektroni hata kwa molekuli ya oksijeni. Akaangalia majedwali. Kung'oa elektroni kwenye oksijeni ni takriban kilojuli 1175 kwa moli. Kwenye zenoni ni takriban 1170. Akajiuliza, kama oksijeni imekubali, zenoni itakataa kwa lipi? Akaruhusu gesi hizo mbili zikutane katika joto la kawaida la chumbani, na papo hapo ikatokea yabisi ya rangi ya manjano na chungwa. Mwaka huohuo wengine wakapata floridi za zenoni zenyewe. Mwaka 2000 hata argoni ikashikwa, katika kampaundi ya argoni, haidrojeni na florini iliyopatikana Helsinki kwenye baridi kali sana.

Wenzetu wengine wameshaacha kuziita bwete, wanatumia neno lenye maana ya uungwana. Tunarudi nyuma kwa nini?

Bureti:

Ndugu Pupa ya Florini, hayo yote ni kweli na umeyaeleza vizuri. Tena Moissan alishindwa na argoni, lakini laiti angekuwa na zenoni ya kutosha hadithi ingeweza kuwa nyingine.

Ila naona 1962 iliua wazo moja tu, kwamba kuna kitu kilicho bwete chenyewe, popote, milele. Haikuua kivumishi. Argoni iliyo kwenye mtungi wa Zamu ya Usiku ni bwete kwa Grignard leo kama ilivyokuwa mwaka 1961. Kilichobadilika ni kwamba sasa tunalazimika kuuliza, bwete kwa nani, na katika hali ipi?

Na swali hilo lilikuwapo siku zote kwa vitu vingine. Nitrojeni ni bwete kwa karibu kila kitu katika joto la chumbani, lakini lithiamu huishika bila kupashwa moto, ndiyo maana wanaofanya kazi na lithiamu hujaza argoni kwenye sanduku la glavu, lile lililofungwa ambalo mikono huingizwa kupitia glavu zake. Magnesiamu inayowaka huendelea kuwaka ndani ya nitrojeni na kuacha nitridi. Platini haijali asidi nyingi, ila ukiiweka kwenye maji ya kifalme, sehemu 3 za asidi ya haidrokloriki kwa 1 ya asidi ya nitriki, inayeyuka. Kioo tunakiamini mpaka ije asidi ya haidrofloriki, hapo lazima uhamie chupa ya plastiki. Ile plastiki nyeupe yenye utelezi, PTFE, inavumilia karibu kila kitu maabarani, na bado sodiamu iliyoyeyuka inaila.

Kivumishi chenyewe hakina kosa. Hatari iko kwa anayekitumia kana kwamba hakidai kukamilishwa. Sema "kioo ni bwete" nami nitakuuliza, kwa kipi?

Ligandi:

Nimefuata uzi huu kimya, sasa naona kuna jambo litakalomponza Daftari akifika sura za mbele, nalo ni tofauti ya bwete na imara. Watu wanayachanganya, hata watu wazima katika kemia.

Imara ni habari ya nishati. Kitu imara kiko bondeni, hakina pa kuteremkia. Bwete ni habari ya mwendo. Kitu bwete kinaweza kuwa juu kabisa mlimani, na bonde liko wazi mbele yake, ila kuna kizingiti hakivukiki kwa haraka. Almasi ni mfano unaojulikana: katika hali ya kawaida grafiti ndiyo imara zaidi, na bado hakuna aliyewahi kuamka akakuta almasi imegeuka masizi. Mchanganyiko wa haidrojeni na oksijeni nao unaweza kukaa ndani ya chupa kimya kabisa, bwete kwa macho yote, mpaka cheche moja.

Katika kompleksi za metali, yaani metali iliyozungukwa na molekuli au ayoni zilizoshikamana nayo, ambazo ndizo ligandi, Henry Taube alilitenga jambo hili waziwazi mwaka 1952. Aliuliza, ukichanganya mimumunyo kwa viwango vya kawaida, karibu moli 0.1 kwa lita, katika nyuzi 25, je, ligandi zinabadilishana ndani ya dakika moja hivi? Kama ndiyo, kompleksi ni geugeu. Kama inachukua muda mrefu kuliko hapo, ni bwete. Basi tazama: kobalti yenye chaji 3 iliyoshikwa na molekuli 6 za amonia, ukiitia kwenye asidi, kwa hesabu ya nishati ilipaswa kuvunjika karibu yote. Inakaa siku kadhaa. Si imara, lakini ni bwete. Nikeli iliyoshikwa na sianidi 4 ni kinyume chake. Ni imara mno, huwezi kuivunja kirahisi, lakini sianidi zake zinatoka na kuingia chini ya dakika moja. Imara, lakini geugeu.

Ukifasiri yote mawili kwa "tulivu", kama nilivyowahi kuona, msomaji hataelewa kamwe kwa nini kitu tulivu kimebadilisha ligandi zake zote wakati anakunywa maji.

Daftari:

Ligandi, umeniokoa. Rasimu ina "tulivu" sehemu 14 na nilikuwa naipita nikiona ni tamu. Leo narudi kuzipitia moja moja.

Neno Kwa Neno:

Na mimi nimejifunza, na nina nyongeza kuhusu kitenzi. Mnapojadili bwete mnasahau kubweteka, na naona huko kuna mali. Kubweteka si kuwa bwete tangu mwanzo. Timu iliyobweteka ilikuwa ikicheza, kisha kuna kitu kikaipata ikaacha. Je, kemia ina hali ya namna hiyo, kitu chenye makali kikatulizwa na jambo fulani?

Bureti:

Ipo! Na sikuwahi kufikiria kuipa neno hilo. Chukua msumari wa chuma uutie kwenye asidi ya nitriki iliyozimuliwa. Unaliwa, moshi wa kahawia unatoka. Chukua mwingine uutie kwenye asidi ya nitriki iliyokolea sana, ungedhani utakwisha haraka zaidi. Kimya. Hata ukiuhamishia taratibu kwenye ile iliyozimuliwa, bado kimya. Halafu ukwaruze kwa ncha ya kioo, na mmenyuko unalipuka palepale pa mkwaruzo na kusambaa. Hali hiyo Schönbein na Faraday waliandikiana juu yake mwaka 1836, na Faraday akaeleza kwamba usoni mwa chuma hutanda utando mwembamba wa oksidi unaokizuia. Alumini ndivyo inavyoishi siku zote: ni metali yenye makali, ila imevaa utando wa oksidi wenye unene wa nanomita chache. Zebaki ikiugusa uso uliokwaruzwa, kinga inavurugika na alumini inaliwa mbele ya macho yako.

Basi chuma kile kimebweteka. Kwa maana kamili kabisa. Kilikuwa na uwezo, bado kinao, kimefunikwa. Na ukitaka kitenzi cha anayefanya hivyo kwa makusudi, kubwetesha: "bwetesha uso wa chombo kabla ya kukitumia". Platini ni bwete, chuma hiki kimebweteshwa. Ningefurahi sana kuona mwongozo unaotofautisha hivyo.

Ligandi:

Naunga mkono. Fundi akisoma "kimebweteshwa" atajua kuna utando wa kulinda, hatakisugua kwa msasa.

Zamu ya Usiku:

Kabla Daftari hujaenda kupiga chapa, naomba jambo moja na naliomba kwa uzito. Kwenye ukurasa wowote wenye maneno "gesi bwete" andika kwamba bwete si sawa na salama.

Watu hulisikia neno hili wakatulia. Haiungui, haina sumu, haina harufu, haina rangi. Na hapo ndipo inapoua. Mwili wako hauna kengele ya oksijeni kupungua. Ile hamu ya kuvuta pumzi unayoisikia ukijibana inaletwa na kaboni dioksidi kujaa mwilini. Ndani ya chumba kilichojaa nitrojeni au argoni unaitoa kaboni dioksidi yako kama kawaida, kwa hiyo husikii kubanwa. Oksijeni ikishuka kutoka asilimia 21 hadi chini ya 10 unaweza kuanguka bila kuonywa na chochote, na anayekimbilia kukuinua anaanguka juu yako.

Argoni ni nzito kuliko hewa kwa karibu mara 1.4, inatuama kwenye mashimo na vyumba vya chini. Nitrojeni ya kimiminika inachemka kwenye nyuzi 196 chini ya sifuri, na lita moja ikigeuka gesi inakuwa karibu lita 700. Jagi moja likimwagika kwenye chumba kidogo kilichofungwa, hesabu mwenyewe.

Gesi hii ni bwete kwa sampuli. Kwa mapafu inachukua nafasi ya kitu unachokihitaji. Kipima oksijeni kiwe ukutani, na mlango usifungwe.

Pupa ya Florini:

Hapo sina pingamizi. Na kwa maelezo ya "bwete kwa nini" narudisha nyuma ile hoja yangu ya kulizika neno. Ila kwa jina la safu nzima bado sitaki liwe bwete.

Daftari:

Wakuu, nimeshinda na rasimu tangu jana. Jina la safu nimeliacha "gesi za kundi la 18", hapo namba inatosha na hakuna anayegombana nayo. Kivumishi bwete kimebaki kila mahali kilipokuwa, ila kila sura kinapotokea mara ya kwanza kimepewa "kwa" yake. "Tulivu" zote 14 nimezipitia: 9 zimekuwa imara, 4 zimekuwa bwete, na moja ilikuwa inasema maji ya kwenye beseni yawe tulivu, hiyo nimeiacha.

Kibandiko cha mtungi sasa kinasomeka hivi, naomba jicho la mwisho:

ARGONI. Gesi bwete kwa vitendanishi vya meza hii: inavifunika na kuzuia hewa. Usifunge vali kabla kazi haijaisha. Haina harufu. Huondoa oksijeni chumbani. Tazama kipima oksijeni kabla ya kuingia.

Zamu ya Usiku:

Sentensi ya mwisho ipandishe juu, chini tu ya jina. Wengi hawasomi mpaka chini. Mengine yote yamekaa.

Daftari:

Nimepandisha.